Kuchora Mahali Unapopakumbuka: Mwongozo Kamili kwa Msanii Aliyejifundisha Mwenyewe

Wengi wanaotaka kuchora nyumba waliyokulia, au mtaa uliobomolewa, huanza kwa kutoa simu mfukoni. Wanakwenda mahali penyewe, wanapiga picha nyingi, wanarudi nyumbani na kuanza kunakili. Mchoro unaotoka huwa mzuri, pengine mzuri sana, lakini kumbukumbu imeshafukuzwa ndani yake. Ukiitazama picha ya simu mara kadhaa, kichwa kinaacha kukumbuka mlango na kuanza kukumbuka picha ya mlango. Ndiyo maana mwongozo huu una sharti moja linalotangulia mengine yote: chora kwanza, nenda baadaye. Tofauti kati ya ulichokikumbuka na ulichokikuta ndiyo itakayokuwa kazi yako.

Ninaandika nikiwa Jinja, na ninawaandikia wale ambao hawakupita chuo cha sanaa. Sanaa imekuwa ikifundishwa Makerere tangu Margaret Trowell alipoanza madarasa yake mwaka 1937, na shule inayobeba jina lake imetoa wasanii wakubwa. Ila wengi wetu tunaochora Jinja, Mbale, Arua au Busia tulijifunza kwa kuandika vibao vya maduka, kwa kutazama mafundi, kwa kurudia. Kwa kazi ya kumbukumbu hilo halikupunguzii kitu. Unahitaji daftari lisilo na mistari, penseli laini, karatasi chache za manila, makaa, bahasha kubwa, gundi nyeupe ya mbao, vikopo vyenye vifuniko, na muda.

Chagua mahali padogo

Mji mzima ni mkubwa mno. "Utoto wangu" ni mkubwa zaidi. Chagua mahali unapoweza kupazunguka kwa miguu kwa dakika chache: kibaraza, jiko la nje, bomba la maji la mtaa, kona ya soko ambapo mama alikuwa akipanga mafungu ya nyanya. Udogo unakulazimisha kukumbuka vitu. Ukisema "nakumbuka nyumbani", mkono haujui uanzie wapi. Ukisema "nakumbuka bawaba ya mlango wa jikoni iliyokuwa ikilia", mkono unaanza wenyewe.

Mahali pangu ni bomba moja la Walukuba. Walukuba ni mtaa wa nyumba za wafanyakazi uliojengwa na serikali ya kikoloni baada ya Vita vya Pili vya Dunia, Jinja ilipokuwa ikigeuzwa mji wa viwanda. Bwawa la Owen Falls lilifunguliwa mwaka 1954 na viwanda vikafuata umeme. Watu walikuja kutoka Busoga, Acholi, Teso, Nile Magharibi na hata Kenya, na Kiswahili kikawa lugha ya kupangia foleni ya maji. Historia yote hiyo inaingia kwenye bomba moja, mradi uwe na subira nalo. Ningeanza na mtaa mzima ningetoa ramani.

Pawe mahali ulipopatumia kwa mwili wako: ulipafagia, ulibebea maji, ulianguka ukaumia goti. Mahali ulipopatazama tu kutoka dirishani patakupa mandhari, basi. Kama hapafikiki tena, hilo si kizuizi, nitalieleza mbele.

Usikae ukiahirisha, kwa sababu majengo hayasubiri. Muzibu Azaala Mpanga, jumba kuu la makaburi ya wafalme wa Buganda pale Kasubi, liliungua usiku wa tarehe 16 Machi 2010, na ujenzi wake ulichukua miaka mingi hadi UNESCO ikaliondoa eneo hilo kwenye orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2023. Hilo lilikuwa na ufalme na dunia nzima nyuma yake. Jiko la bibi yako lina wewe.

Chora kabla ya kwenda

Hapa ndipo kazi nyingi ilipo, na ndipo watu wanapoharakisha. Tenga vikao kadhaa kwa siku tofauti, na katika kila kikao usitazame ulichochora kilichopita.

Kikao cha kwanza, chora ramani kutoka juu. Anzia pale miguu yako ilipokuwa ikiingilia. Chora njia kwanza, halafu milango, halafu vitu. Weka kifutio mbali kabisa. Ukiona umekosea, chora tena pembeni, na acha mstari wa kwanza ulivyo, kwa maana ule mstari wa kwanza una sababu zake. Usipojua palikuwa na nini, paache peupe. Usijaze kwa kukisia. Kichwa kinapenda sana kukamilisha mambo: kitakuwekea dirisha kwa sababu nyumba zina madirisha, na hutajua kwamba umelitunga. Peupe palipoachwa kwa uaminifu pana thamani kuliko dirisha la kubuni.

Kikao cha pili, shuka chini. Kama mahali hapo ulipajua ukiwa na miaka sita, macho yako yalikuwa kimo cha mita moja hivi kutoka ardhini. Kaa sakafuni unapochora. Meza itageuka kuwa paa lenye miguu minne, watu wazima watakuwa magoti na ncha za lesu, na rafu ya juu itatoweka kabisa kwa sababu hukuwahi kuiona. Msanii anayechora utoto wake kwa kimo cha mtu mzima anachora nyumba ya mtu mwingine.

Kikao cha tatu, funga macho. Weka penseli kwenye karatasi na utembee kwa mkono kutoka kitandani hadi mlangoni usiku, bila kuinua penseli, ukikata kona pale mwili ulipokuwa ukikata kona. Utapata mstari mmoja mbaya kuutazama. Uhifadhi. Mara nyingi mstari huo ndio unaobaki katika kazi ya mwisho mengine yote yakiondolewa. Baada ya hapo, nyuma ya karatasi, andika sauti, harufu na joto: redio ilikuwa upande gani, moshi uliingia kutoka kwa nani, sakafu ilikuwa ya namna gani chini ya nyayo asubuhi.

Halafu waite waliokuwa nawe. Wape ndugu zako karatasi za ukubwa mmoja, kila mtu akae peke yake, pasiwe na mazungumzo, wachore mahali palepale. Atakayesema "mimi sijui kuchora" mwambie achore ramani tu, vijiti na miraba. Mkimaliza zipangeni sakafuni pamoja. Nilipofanya hivyo na familia yetu, dada yangu mkubwa alichora foleni ya madumu na kila dumu likiwa na mwenyewe: hili la mama fulani, hili la wale wa nyumba ya mwisho. Kaka alichora mfereji uliopitisha maji machafu na karibu hakuna kingine, kwa sababu ndiko alikokuwa akielesha boti zake za majani. Mdogo wetu hakuchora bomba. Alichora ukuta mrefu wenye ufa, ukuta aliokuwa akiambiwa akae chini yake asubiri mpaka wakubwa wamalize. Mahali ni pamoja, miaka ni ileile, na bomba lenyewe halimo katika karatasi ya mmoja wetu.

Usiamue nani amekosea. Mkianza kubishana kuhusu upande wa mlango, waache wabishane na wewe andika maneno yao kama yalivyo, kwani hoja wanazozitoa ("ulikuwa kushoto, maana nilikuwa nabeba ndoo kwa mkono wa kulia") ni bora kuliko jibu.

Andika tarehe na jina kwenye kila karatasi, tia zote katika bahasha, ifunge kwa gundi. Usiibebe utakapokwenda.

Nenda, na simu ibaki mfukoni kwanza

Kabla hujaketi na daftari katika mtaa usiokujua tena, mwone mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji au mtaa. Msalimie, jitambulishe kwa jina la mzazi wako aliyeishi pale kama lipo, mwonyeshe daftari, mweleze utakaa muda gani. Hili linakuokoa na maswali, na mara nyingi mwenyekiti mwenyewe ndiye anayekupeleka kwa mzee unayemhitaji. Mtu anayechora au kupima kwa hatua bila maelezo huonekana kama dalali wa ardhi, na siku hizi dalali hapokelewi vizuri popote. Kuhusu picha, kaa mbali na kambi za jeshi, mabwawa na madaraja makubwa isipokuwa una ruhusa. Jinja ina vyote vitatu, na kizuizi cha askari kinaweza kukumalizia siku.

Ukifika, zunguka kwanza mikono mitupu. Pima kwa hatua na uandike: kutoka mlangoni hadi bombani hatua ngapi. Simama pale ulipokuwa ukisimama. Angalia ukuta unakufika wapi mwilini sasa. Ndipo uketi uchore unachokiona, taratibu, ukitazama kitu zaidi ya unavyotazama karatasi.

Kisha sugua. Mbinu hii sijaona inayoipita kwa kuchukua mahali bila kudhuru kitu, na haihitaji ujuzi. Chukua karatasi nyembamba isiyong'aa, ibandike kwa utepe juu ya saruji ya kibaraza, gome la mti, kizingiti, au maandishi yaliyochongwa ukutani. Laza kipande cha makaa au krayoni ya nta kwa ubavu, usitumie ncha, upitishe kwa mkono mwepesi ukielekea upande mmoja. Usikandamize; ukikandamiza karatasi inatoboka na alama zinamezana. Baada ya dakika chache vitatokea vitu ambavyo macho yaliviruka: nyayo ya kuku iliyokaukia kwenye saruji mbichi, mkwaruzo wa miguu ya viti, herufi za kwanza za jina la mtoto aliyekwisha kuwa mzee. Sugua mahali pamoja mara tatu kwa nguvu tofauti. Andika nyuma ni upande gani wa juu, la sivyo jioni hutajua.

Chukua pia udongo, viganja viwili vitatu, kwenye kikopo chenye jina la mahali na tarehe. Omba ruhusa hata kama ni udongo tu. Usichukue makaburini wala mahali pa ibada.

Mwisho kabisa piga picha za simu, kwa ajili ya mwanga na vipimo, ukiweka kitu unachokijua ukubwa wake, kama sanduku la kiberiti, karibu na kila unachokipiga. Kisha zifunge. Usizitazame mpaka kazi iwe imesimama.

Kwa mji kama Jinja inua macho vilevile. Majengo ya zamani ya Main Street mengi yana mwaka wa ujenzi na jina la mwenyewe wa kwanza, vimeumbwa kwa saruji juu ya mlango. Majina hayo ni ya familia za Kihindi ambazo Agosti 1972 Idi Amin alizipa siku 90 kuondoka nchini. Ukichora duka ambalo babako alikuwa akinunulia baiskeli, unachora juu ya kumbukumbu ya mtu mwingine aliyefunga mlango huohuo akaenda Leicester au Toronto. Si lazima uizungumzie. Lakini jua kwamba ipo, na amua kwa makusudi kama lile jina la saruji litaingia katika mchoro au litakatwa.

Wasikilize watu

Mzee ukimuuliza "unakumbuka nini kuhusu hapa?" atakupa hotuba. Muulize mambo ambayo mwili unayajua: mlango ulifungukia ndani au nje? Nani alikuwa akiamka wa kwanza? Mvua ikinyesha mlihamisha nini? Mpe penseli aonyeshe. Vidole vya mtu wa miaka sabini vinavyosita juu ya karatasi ni ushahidi tosha.

Mwendee kwa heshima ya pale: jajja (bibi au babu), mzee, hajati, mama fulani. Usiende na kinasa sauti kikiwa tayari kimewashwa. Eleza utafanya nini na maneno yake, omba kurekodi, na ukikataliwa andika kwa mkono baada ya kuondoka. Mpe nafasi ya kuondoa kitu baadaye. Nchi hii imepita vita vya Luweero, vya Kaskazini na mengine; mtu aliyekuwa akisimulia jiko anaweza ghafla akafika kwenye siku ambayo watu hawakurudi nyumbani. Hapo weka kalamu chini. Usimsukume aendelee kwa sababu kazi yako itakuwa kali zaidi, na usimwache peke yake dakika hiyohiyo ukasema asante na kwaheri. Kunywa naye chai.

Hapa ndipo penye jibu kwa ambaye hawezi kurudi. Nakivale imekuwa ikipokea wakimbizi tangu mwishoni mwa miaka ya 1950, na leo huko, na vilevile Kyangwali na Kiryandongo, utawakuta watu wa Kivu, wa Burundi na kwingineko wanaoelewana kwa Kiswahili na ambao mahali pao pako ng'ambo ya mpaka. Kwao, ile hatua ya kwenda inageuka: badala ya kusimama kwenye kibaraza, unakaa na watu watatu wanne waliotoka kijiji kimoja, kila mmoja anachora kivyake, kisha mnaweka karatasi pamoja. Pale zinapokubaliana unapata msingi wa nyumba. Pale zinapopishana unapata watu walioishi humo. Unaweza pia kupima kwa mwili: simama uonyeshe kwa hatua uwanja ulivyokuwa, mwingine akufuate na chaki au majivu ardhini, mpaka chumba kilale pale chini kwa ukubwa wake wa kweli. Kipige picha, kichore, halafu kiache kifutwe na miguu ya watu.

Picha za zamani za familia

Zitafute baada ya kuchora, kwa sababu ileile ya simu. Nyingi ni za studio: pazia lililochorwa, kiti cha kukodi, saa ya kuazima. Hazionyeshi nyumba, zinaonyesha nyumba ambayo watu walitamani waonekane wakitoka. Geuza picha usome mgongo. Muhuri wa studio na tarehe vina maana.

Kwa kuinakili bila skana, ilaze mezani karibu na dirisha lisilopigwa na jua moja kwa moja, zima flashi, simu iwe sambamba kabisa na meza. Usiibandue picha iliyogandia kioo cha fremu; ipige ikiwa humohumo. Rudisha picha ya mtu siku ileile.

Watu wamefanya kazi kubwa hapa Uganda katika eneo hili. History in Progress Uganda wamekuwa wakikusanya na kuweka wazi picha za zamani tangu mwaka 2011, na inafaa kuzipitia ili uone mavazi, mikao na barabara za wakati wa wazee wako. Mwaka 2019 Jumba la Makumbusho la Uganda, pale Kitante, lilionyesha picha kutoka hazina ya negativu za enzi ya Amin zilizokuwa zimehifadhiwa na shirika la utangazaji la taifa. Hizo ni picha za wapigapicha wa serikali: mikutano, magwaride, viongozi wakipeana mikono. Kwa msanii wa kumbukumbu kinachosumbua ni kile ambacho kamera hiyo haikutumwa kukipiga. Hapo ndipo mchoro wako una kazi ya kufanya.

Rangi kutoka mahali penyewe

Rangi za dukani zinafaa, lakini udongo ulioubeba kutoka uwanjani kwenu una haki zaidi ya kuwa ukuta wa kwenu kuliko rangi ya kopo. Wekundu wa udongo wetu unatokana na madini ya chuma yaliyoshika kutu, kwa hiyo hauchujuki kwa jua.

Utaitengeneza hivi. Anika udongo ukauke, uponde kwenye kinu, uchekeche. Mimina unga huo kwenye ndoo yenye maji, koroga kwa nguvu, subiri kama dakika moja mchanga utue chini, halafu mimina yale maji mekundu polepole kupitia kitambaa kwenye chombo kingine, ukiacha mchanga nyuma. Acha chombo hicho kilale usiku kucha. Asubuhi rangi itakuwa imetua chini na maji juu yamekuwa maangavu; yamwage kwa uangalifu, kisha anika tope kwenye sahani. Litakauka likapasuka vipande laini kabisa. Visage juu ya kioo kwa ubavu wa chupa.

Changanya gundi nyeupe ya mbao na maji kwa kiasi sawa, ongeza unga wa udongo kidogo kidogo hadi upate kitu kizito kama uji wa mgonjwa. Jaribu kwenye kipande cha karatasi, ngoja kikauke, ukisugue kwa kidole. Kidole kikitoka chekundu, gundi haijatosha. Rangi iking'aa au kupasuka, gundi imezidi. Andika vipimo vyako kando ya kila jaribio. Udongo wa Jinja na wa Mbale hunywa gundi tofauti.

Nyeusi unapata kwa masizi ya koroboi yaliyokingwa kwa bati. Masizi hukataa maji, yanaelea juu; yalainishe kwanza kwa tone la waragi (pombe kali) au sabuni ya maji, yatakubali. Makaa ya kuchorea yatengeneze kwa vijiti vyembamba vilivyokauka na kumenywa, vipange kwenye kopo la bati lenye kifuniko chenye tundu dogo, liweke kwenye moto. Moshi ukikoma kutoka tunduni, toa kopo, na usilifungue mpaka lipoe kabisa, kwani hewa ikiingia vijiti vya moto vitageuka majivu mbele yako. Mchoro wa makaa upulizie spreya ya nywele kwa umbali wa sentimita 30 hivi, tabaka jembamba mara mbili.

Kuna pia lubugo, kitambaa cha gome la mutuba, ambacho Baganda wamekitengeneza kwa karne nyingi na ambacho UNESCO ilikitangaza mwaka 2005 kuwa urithi wa binadamu. Gome la ndani linabanduliwa msimu wa mvua, linapigwa kwa nyundo za mbao zenye mifereji mpaka lipanuke, na shina la mti linafungwa majani ya migomba ili lijifunike upya. Mti uleule unavunwa tena. Wasanii kama Sanaa Gateja wameonyesha kitambaa hiki kinaweza kubeba nini. Lakini kumbuka lubugo ndicho kinachofunikia wafu. Jajja akiona picha ya nyumba yake juu ya lubugo anaweza kuelewa kwamba umeizika. Kama hiyo ndiyo maana unayoitaka, vizuri. Kama sivyo, tumia manila.

Ukikinunua, kiinue kwenye mwanga uone matundu na viraka. Viraka vilivyoshonwa vizuri ni sehemu ya uzuri wake. Usikiloweshe, kikilowa kinachanika kirahisi. Usikivute kwenye fremu kwa nguvu. Kishone au kibandike juu ya kitambaa kigumu cha pamba. Kabla ya hapo paka mgongoni gundi iliyozimuliwa, sehemu moja kwa maji manne, ili kisimeze rangi yote.

Kuijenga kazi

Sasa fungua bahasha. Weka mchoro wa kumbukumbu na mchoro wa mahali ubavu kwa ubavu. Bombani kwetu, kumbukumbu yangu iliweka bomba kulia kwa mlango, karibu, ningeweza kuligusa. Ukweli wa pale: liko kushoto, hatua nyingi, na upande wa kulia hapakuwahi kuwa na nafasi kwa sababu mfereji unapita. Ningeweza kurekebisha. Nikauliza badala yake: kwa nini mwili wangu ulilileta karibu? Kwa sababu nilikuwa nalisikia usiku likidondosha. Kazi iliyotoka ina mabomba mawili, moja la masizi na moja la udongo, na katikati yao karatasi tupu.

Jaribu njia tatu nne: nakili michoro yote miwili kwenye karatasi moja kwa rangi mbili, au tumia msuguo wa saruji kama ardhi na mstari wa macho yaliyofungwa juu yake, au panga karatasi za ndugu zako kama zilivyo bila kuongeza kitu. Acha peupe pabaki peupe. Ugomvi mkubwa utakaokuwa nao ni hamu ya kupapamba. Mtazamaji anaona haraka pale msanii alipojua na pale alipojaza.

Jina la kazi liwe la mahali na kitu, fupi. Maelezo ya ukutani yatoshe sentensi tatu: ni wapi, ni nini kimetumika, nani walichora nawe. Andika kwa lugha ambayo mahali hapo palizungumzwa.

Kutunza na kuonyesha

Unyevu wa ziwa huleta ukungu, mchwa wanapenda karatasi, mende wanapenda gam ya muhogo. Usihifadhi kazi sakafuni wala usiiegemeze ukutani kipindi cha mvua. Ilaze juu ya rafu, karatasi safi kati ya kila mchoro, ifungue na kuipepea mara kwa mara.

Onyesha kwanza mahali penyewe. Kamba, vibanio vya nguo na kibaraza vinatosha. Waliokuchorea ramani wataona kazi kabla ya wageni, na watakuambia kinachowaudhi.

Baadaye tafuta Kampala. Nommo Gallery ya Nakasero ipo tangu mwaka 1964. 32° East, huko Kabalagala, huwapa wasanii nafasi ya kukaa na kufanya kazi, na cheti si kigezo cha kuwa msanii. Afriart Gallery imekuwepo tangu 2002. Uganda ilipokuwa na banda lake la kwanza la taifa kwenye maonyesho makubwa ya sanaa ya Venice, Italia, mwaka 2022, ilitajwa kwa heshima ya pekee, na kazi za Acaye Kerunen zilizokuwa humo zilijengwa kwa ususi wa mikono ya akina mama mafundi. Kwa hiyo usiombe radhi kwa udongo na mikeka.

Wanaokupokea wataomba picha nzuri za kazi. Zipigie kivulini asubuhi, kazi ikiwa wima, simu ikiwa usawa wa katikati yake. Rudi nyuma kidogo kisha ukate kingo, kwa sababu simu ikiwa karibu mno hupinda pembe. Tuma kazi za mfululizo mmoja, usichanganye na picha za simba ulizouzia watalii, hata kama zilikulipia kodi.

Kwa Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2006 kazi yako inalindwa tangu inapopata umbo, bila kusajiliwa. Ukisajili URSB, ofisi ya usajili ya serikali, unaongeza ushahidi. Kumuuzia mtu mchoro si kumpa haki ya kuuchapisha kwenye fulana. Michoro ya ndugu zako ni ya kwao: ikiingia katika kazi, wakubali, watajwe, na mgawane fedha kwa mapatano yaliyofanyika kabla ya mnunuzi kutokea. Ukiacha kazi kwenye ukumbi wowote wa kuuzia, andikeni karatasi mbili zinazofanana zenye orodha ya kazi, bei, asilimia ya ukumbi, siku ya kurudisha na nani atalipa ikiharibika, mtie saini wote wawili, kila mmoja aondoke na yake.